Sanamu Zisizopumua

Ulipokunja gazeti juma lililopita, futi ya kupimia ilikuwa imeanguka sakafuni, na aliyeiangusha alikuwa bado anaikodolea macho sanamu.

Kama hukuwepo, nitakueleza haraka. Sanamu ya mzee aliyeketi imerudi Gisenyi kutoka Ubelgiji baada ya kuombwa miaka mingi. Aliyeiomba ni Murekatete, mkurugenzi wa jumba la makumbusho la sanaa ya Afrika lililo kando ya ziwa Kivu. Jumamosi itafunuliwa mbele ya wakubwa. Basi Alhamisi asubuhi akaitwa Kaltumu, fundi cherehani wa mtaa wa Majengo, aje kuipima aishonee kitambaa cha kuifunika. Kaltumu akaiona. Futi ikamtoka mkononi, na mdomo wake ukasema kitu ambacho hakikutakiwa kusemwa ndani ya nyumba ile.

"Hii ni kazi ya baba yangu."

Ndipo tulipo.

Wa kwanza kupata sauti alikuwa Jado, dereva wa makumbusho, ambaye bado alikuwa na nyundo ya kufungulia kreti. Alicheka. Akamuuliza Kaltumu kama baba yake alikuwa na miaka mia tatu, maana ndivyo kibao cha maelezo ya sanamu kilivyosema, miaka mia tatu, na kibao hakisemi uongo.

Kaltumu hakucheka. Alikuwa mama mnene anayeuelekea uzee, uso mpana, nyusi zimekutana katikati, mtandio umefungwa barabara chini ya kidevu. Alikuwa ameweka kiganja mdomoni kama mtu aliyechelewa kufunga mlango na ng'ombe wameshatoka.

Murekatete alimtuma Jado akanunue misumari. Misumari ilikuwepo tele. Jado alipotoka, mkurugenzi alifunga mlango, akageuka, na akauliza alivyozoea kuwauliza watu wanaokuja ofisini na madai.

"Mama, unataka nini?"

"Mi sitaki kitu," alisema Kaltumu. "Mi nataka usimwambie mutu."

Murekatete alikuwa amejiandaa kwa kesi, kwa waandishi wa habari, kwa wanasheria wa ukoo. Hakujiandaa kwa hili.

"Si umesema wewe mwenyewe, tena kwa sauti?"

"Ilinitoka tu, Madame. Mutu akikutana na kitu ya baba yake hivi, bila kupiga hodi, atafanya nini?"

Kisha akaeleza, na hakuchukua muda. Baba yake aliitwa Mudathiru. Watu wa Majengo bado wanamkumbuka, lakini wanamkumbuka kwa sauti. Alikuwa muadhini. Wazee wanakwambia kwamba adhana yake ya alfajiri ilikuwa inafika hadi kwa wavuvi wa Nyamyumba, na wale hawakuwa hata Waislamu. Mchana alishona kanzu. Kanzu hazikutosha nyumba. Kwa hiyo nyuma, jikoni, pazia likiwa limeshushwa, muadhini alichonga sanamu, na sanamu ziliuzwa kwa Wazungu wa ufukweni.

Hakuna aliyejua ila mkewe, na mtoto wao wa kike aliyekuwa anapepea moto. Sanamu ikishachongwa ilipakwa mawese, ikatundikwa juu ya mafiga.

"Ilikaa kwa moshi, ikakaa kwa moshi," alisema Kaltumu, "hadi ikakuwa muzee kupita baba."

Sasa Nadra, binti yake wa mwisho, alikuwa anaolewa mwezi ujao na mtoto wa Shehe. Shehe ni mtu wa msimamo. Akisikia kwamba babu wa bibi harusi, muadhini mzima, alichonga masanamu jikoni, ndoa hiyo imekufa, na jina la mzee limekufa mara ya pili. Kaltumu alitaka ahadi.

Murekatete aliitoa pale pale. Alimshika mkono, akaahidi kwa Mungu kwamba jina la Mudathiru halitatoka kinywani mwake. Moyoni alikuwa anashukuru. Wote wawili walitaka kunyamaza, na watu wawili wakitaka kunyamaza, shida iko wapi?

Lakini mtu aliyesoma ana ugonjwa wake. Hakutosheka na kimya, alitaka pia asiamini. Akatafuta swali moja la kumshinda mama huyu, ili alale vizuri.

Akauliza kuhusu pua.

Hapa, msomaji, nikusimamishe kidogo, maana pua ndiyo maisha ya mwanamke huyu. Murekatete alizaliwa Karagwe, Tanzania, mtoto wa wakimbizi, akasoma kwa taabu hadi Ulaya. Huko, katika ghala la chini ya ardhi lililojaa vitu vyetu, aliona sanamu kadhaa ambazo hazina tundu za pua. Pua ipo, imechongwa vizuri, lakini imeziba. Profesa wake, Rutagengwa, Mnyarwanda mwenzake, alimwambia atazame hapo. Akatazama. Akaandika kitabu: kwamba kando ya Kivu, zamani sana, walikuwepo wachongaji waliowachonga wafu, na kwa kuwa wafu hawapumui, pua ziliachwa zimeziba. Kitabu kikasifiwa. Kikampa kazi, kikampa jina, kikamrudisha nyumbani na kumpa jumba zima. Askari wa getini walimwita Madame Pua, naye alijua, na hakuchukia.

"Kwa nini hana tundu za pua?" aliuliza.

Kaltumu alishangaa kuulizwa kitu kidogo hivyo.

"Baba alikuwa anaogopa dhambi. Si wanasema siku ya kiyama mwenye kuchonga ataambiwa, pulizia roho kile ulitengeneza? Na hataweza. Baba akasema, mi wakiniuliza nitajibu: Mola, nipulizie wapi? Haina tundu."

Alitabasamu kidogo, kama mtu anayekumbuka mzaha wa nyumbani.

Murekatete aliketi juu ya kreti. Hakuona hata kama lilikuwa na vumbi.

Angeweza kubisha. Alikuwa na kurasa mia tatu za kubishia. Lakini alijua, kama unavyojua chakula kimeungua kabla hujafunua sufuria, kwamba huyu mama hakutunga. Maneno yale yalikuwa na mtu ndani yake. Kitabu chake hakikuwa na mtu hata mmoja.

Akafanya kosa la pili. Alimchukua Kaltumu akamwingiza ukumbi mkubwa, kulikokuwa na sanamu nyingine ambazo jumba lilikuwa limezipata mwaka hadi mwaka, na akamwomba atazame.

Kaltumu alipita polepole, mikono nyuma, kama mgeni aliyekaribishwa nyumba yenye maiti.

"Huyu pia," alisema. "Na huyu. Huyu hapana. Huyu alianguka kwa moto, ndiyo maana sikio iko hivi. Mama aligomba siku hiyo, mboga zote zilikuwa majivu."

Sikio lile lilikuwa na sura nzima kitabuni. Murekatete aliandika kwamba lilikatwa kwa ajili ya matanga ya mfalme.

Waliporudi kwenye sanamu ya mzee, alibakiwa na swali moja tu, na alikuwa analiogopa. Nani alizinunua kwa Mudathiru?

"Kijana mumoja. Alikuwa anakuja na baiskeli, anaongea Kifaransa kama padri. Baba alimupenda sana. Kisha akaenda Ulaya kusoma." Kaltumu aliokota futi yake na kuikunja. "Rutagengwa. Sijui kama alipona vita. Labda alikufa, maskini."

Hakufa. Alikuwa Gisenyi siku hiyo hiyo, mgeni wa heshima, amelala hotelini kwa gharama ya serikali.

*

Ijumaa mchana Murekatete alimkuta Profesa kwenye bustani ya hoteli, mbele yake sahani ya sambaza wa kukaanga, wale dagaa wa ziwani. Mzee alikuwa anawala mmoja mmoja, kichwa na mkia, na kufuta vidole baada ya kila mmoja.

Hakukana. Hilo ndilo lililomvunja Murekatete nguvu. Alikuja na hasira yote kifuani, na mzee akamwondolea mlango kabla hajaupiga teke.

"Ulijua?"

"Nilijua, mwanangu. Nilizibeba mwenyewe kwenye baiskeli."

"Na ukaniacha niandike."

"Bon. Ungeandika nini? Muadhini mmoja anachonga jikoni kwa ajili ya watalii? Nani Ulaya angekusikiliza?" Alichukua samaki mwingine. "Walitaka kitu cha kale. Mudathiru akala, mimi nikasoma, wewe ukapata makumbusho. Niambie aliyeumia."

Murekatete alisema atatangaza ukweli kesho, mbele ya wote. Mzee hakupandisha sauti. Alimweleza tu kitakachofuata, kama mtu anayekuelekeza njia. Wale wa Ulaya wanaokataa kurudisha vitu vyetu watacheka hadi machozi. Watasema, mnaona, hawajui vitu vyao wenyewe, tukiwapa watafanya nini navyo? Hakitarudi hata kijiko. Vijana wote anaowalipa pale makumbusho watarudi kuuza vocha barabarani. Na yeye, kwa umri wake, atafundisha wapi tena?

Kisha akauliza, kwa upole, nani aliyemwambia haya yote.

Na mwanamke yule, kwa hasira na kwa kuzoea kumjibu mwalimu wake, akamwambia. Akamwambia habari ya Kaltumu, akamwambia na ahadi.

Profesa aliacha kula.

"Nilidhani nyumba ile ilikwisha," alisema. "Vita ile, kisha kukimbilia Goma, kisha kipindupindu. Nilidhani hakubaki mtu." Akafuta vidole. "Donc, kwa hiyo umeapa kutomtaja baba yake. Basi utatangaza nini kesho? Utasema sanamu si ya kale, wakuulize ni ya nani, ujibu umesahau?"

Mlango wa kusema ulikuwa umefungwa, na aliyeufunga alikuwa Murekatete mwenyewe, Alhamisi, kwa mkono wa shukrani.

Alipokuwa anasimama, mzee alimwambia ameleta zawadi kwa jumba. Kichwa kidogo cha mwanamke, alichokaa nacho nyumbani kwake Ulaya miaka yote. Kreti lake limekwama uwanja wa ndege Kigali, Jado ameshatumwa. Litafunguliwa kesho, mwishoni, mbele ya wageni. Ameacha maagizo.

Murekatete alirudi ofisini akajaribu kila kamba. Aliwapigia wakubwa kuomba sherehe isogezwe mbele. Wakamwambia wageni wengine wako njiani na kwaya imeshafanya mazoezi. Akasema anaumwa. Wakamwambia anywe dawa, hotuba ni fupi.

Jioni jua likiwa bado juu ya ziwa, Kaltumu alileta kitambaa. Kilikuwa chekundu, kimepigwa pindo kwa mkono, kizuri kuliko alichoagizwa. Alikataa soda. Alisimama mbele ya sanamu ya mzee, akainyooshea kitambaa begani kama unavyomnyooshea baba yako shati siku ya idi.

"Iko moja tu alitoboa," alisema ghafla.

Murekatete akageuka.

"Mama alipokufa, baba hakulia. Aliingia jikoni akachonga kichwa yake. Ya mama. Akatoboa pua, mbili, na msumari wa moto. Nikamwambia, baba, na siku ya kiyama? Akasema, wakiniambia nimpulizie roho, huyu nitajaribu."

Alilinyoosha pindo la kitambaa kwa kidole.

"Kisha akashindwa kukaa nayo. Hawezi kuchoma, hawezi kuangalia. Akampa Rutagengwa apeleke mbali."

Murekatete alimshika mabega mama wa watu. Akamwomba, kwa kila alichoweza kukitaja, kesho asije. Akae nyumbani, afunge mlango, ajifanye mgonjwa. Hakumwambia sababu. Angemwambiaje? Kaltumu alimtazama, akadhani anamwonea aibu mbele ya wakubwa, na akasema kwa sauti ndogo kwamba hata hakuwa na mpango wa kuja.

Alipoondoka, Murekatete alimpigia Profesa. Simu iliita hadi ikachoka. Akampigia Jado. Jado alijibu kwa furaha kwamba yuko Kigali, karatasi za forodha zitatoka asubuhi, na Profesa amemwambia akifika asipite ofisini, aingize kreti moja kwa moja jukwaani.

"Jado, lichelewishe."

"Madame?"

"Haribu tairi. Fanya chochote."

"Gari ya serikali, Madame? Nitafungwa." Akacheka, akidhani ni utani. Na simu yake ikaisha chaji.

*

Jumamosi ilikuwa nzuri mno. Ziwa limetulia, milima ya ng'ambo imejitokeza yote. Hema nyeupe, viti vya plastiki vimevalishwa vitambaa, mlinzi wa kila mkubwa amesimama na miwani myeusi. Mstari wa mbele alikaa padri kutoka parokia ya Nyundo, mchungaji, na Shehe, kanzu yake inang'aa, fimbo katikati ya magoti. Rutagengwa alikaa kiti cha mwisho, karibu na jukwaa, kofia mapajani.

Kwaya iliimba. Wakubwa walisema. Kitambaa chekundu kilivutwa, sanamu ya mzee ikaonekana, watu wakapiga makofi. Murekatete alisoma hotuba ile ile aliyoiandika kabla ya Alhamisi. Alisoma kwamba wafu hawapumui. Sauti ilitoka kwenye vipaza sauti ikafika hadi kwa waogeleaji, na wao wakageuka kumsikiliza. Hakuna aliyeshtuka, hakuna aliyeuliza. Alikuwa amebakiza aya moja, na barabarani hakukuwa na gari. Akaanza kutumaini.

Basi honi ikalia getini.

Jado aliingia akitoka jasho, yeye na askari wawili, kreti dogo katikati yao. Watu walipiga makofi tena. Na nyuma ya Jado, kwa haraka, akishika mtandio usianguke, kitambaa kingine chekundu mkononi, alikuja Kaltumu.

Murekatete alisahau kusoma.

Baadaye alikuja kujua. Asubuhi ile Profesa alimtuma mtu wa hoteli Majengo, kwa fundi yule yule, ashone kifuniko cha pili, kidogo, upesi, akilete mwenyewe jukwaani. Hakujua jina la fundi. Kwake fundi ni fundi tu. Alikuwa amesikia habari ya binti wa Mudathiru, lakini si kwamba anashona. Murekatete alimwambia yote Ijumaa ile, hilo akalisahau.

"Mama Nadra, rudi," alisema Murekatete, na kipaza sauti kikalisema hilo kwa watu wote.

Watu wakacheka kidogo. Kaltumu akasimama njia panda, akiona aibu, kitambaa mkononi, hajui aende mbele au nyuma. Na kwa kuwa kreti lilikuwa limeshawekwa mezani, na watu wamenyoosha shingo, na nyundo ilikuwa mkononi mwa Jado, Jado akang'oa kifuniko. Akatoa majani makavu. Akainua kichwa kwa mikono miwili, akakiweka juani.

Hakikuwa kikubwa. Uso mpana. Nyusi zimekutana katikati. Pua yenye tundu mbili nyeusi, zilizoungua pembeni. Nywele wazi.

Jado alikitazama. Kisha akamtazama fundi cherehani aliyesimama hatua chache mbele yake. Kisha tena kichwa.

"Mama Nadra," alisema, "ni weye huyu."

Kicheko kilianza mstari wa nyuma na kikafa kabla ya kufika katikati. Maana watu walikuwa wanaangalia, na kila aliyeangalia aliona. Uso ulikuwa mmoja. Kilichotofautiana ni mtandio.

Rutagengwa alisimama, kofia ikamwanguka. Alikuwa amekaa na uso ule ukutani kwake miaka hiyo yote, na ilikuwa mara ya kwanza anauona ukitembea.

Kaltumu hakumwona. Hakumwona mtu. Alikwenda hadi mezani, akaweka kidole chini ya pua ile ya mti, kama unavyompima mgonjwa anayelala sana, akangoja. Akangoja muda mrefu kuliko inavyotakiwa. Kisha akatazama wale wanaume wote waliojaa chini ya hema, akamtazama mama yake aliyekaa kichwa wazi mbele yao, akakunjua kitambaa chekundu alichokishona, akakizungusha kichwani pake, akakifunga barabara chini ya kidevu.

Sasa hata kipofu angejua.

Shehe aliinuka kwa fimbo yake. Hakuwa na hasira bado. Alikuwa mtu anayehesabu jambo moyoni, na hesabu inamfikisha asikotaka.

"Kaltumu," alisema. "Huyo ni nani? Na nani alimuchonga?"

Kaltumu aligeuka polepole kumtazama mkurugenzi, mtu pekee mahali pale aliyeapa kutosema, na macho yake yalikuwa yanaomba, lakini Murekatete hakuweza kujua yanaomba nini: asimame kwenye kiapo, au akivunje.

Kipaza sauti kilikuwa bado mkononi mwa Murekatete, kimewashwa. Watu wote walisikia akivuta pumzi.